Nani Mlinzi wa Nyumba?

Katika nyumba nyingi za Wahindi wa zamani, wazee, wana wao, wake za wana na wajukuu walikaa pamoja na kula chungu kimoja. Mijini nyumba za namna hiyo zimepungua, lakini heshima yake yadumu. Mke wa kaka mkubwa huitwa bhabhi, naye huheshimiwa kama mama. Katika utenzi wa Ramayana, Lakshmana alipoonyeshwa mapambo ya Sita, mke wa kaka yake, alitambua yale ya miguuni tu, maana kila siku alimwinamia miguuni.

Basi haikuwa ajabu kwamba mwaka 2009, katuni za intaneti zilipomchora bhabhi kuwa mwanamke asiye na haya, Serikali ya India iliamuru zifungwe. Silaha yake ilikuwa ya kale. Kanuni ya Adhabu waliyoitunga Waingereza mwaka 1860 (hata Kenya iliitumia mpaka 1930) ilikataza maandiko ya aibu. Na mwaka 1964 Mahakama ya Juu ilithibitisha hatia ya muuza vitabu wa Bombay kwa ajili ya riwaya Lady Chatterley's Lover. Sheria ya Teknolojia ya Habari ya mwaka 2000 ikalipeleka katazo hilo kwenye intaneti.

Lakini mlinzi akipewa rungu, hapigi wezi peke yao. Fungu la 66A, lililoongezwa kwa sheria ya mwaka 2008, liliadhibu hata maneno ya kuudhi tu. Mwezi wa Novemba 2012, msichana wa Palghar, karibu na Mumbai, aliuliza katika Facebook kwa nini mji ufungwe kwa sababu ya kifo cha Bal Thackeray, mwanasiasa mkubwa. Mwenzake akaonyesha kukubaliana naye. Wote wawili walikamatwa, na kundi la watu likavunja zahanati ya jamaa yake. Hapa sioni nyumba iliyolindwa.

Shreya Singhal, mwanafunzi wa sheria, alishtaki, na tarehe 24 Machi 2015 Mahakama ya Juu ikalifuta fungu hilo. Miezi minne baadaye Serikali iliamuru tovuti 857 zifungwe kwa sababu ya uchafu, kumbe baadhi yake zilikuwa za vichekesho tu. Watu wakapiga kelele, nayo ikalegeza amri baada ya siku chache.

Kanuni ya mwaka 1860 ilikoma tarehe 1 Julai 2024. Katazo la maandiko ya aibu limehamia katika sheria mpya karibu neno kwa neno, na sasa mambo ya elektroniki yametajwa humo waziwazi.