Taji la Fedha Chini ya Sakafu

Watu wa El Argar hawakuwa na makaburi ya pembeni. Kwenye vilima vya kusini mashariki mwa Hispania, kati ya mwaka 2200 na 1550 KK hivi, walichimba sakafu za nyumba zao, wakamlaza maiti ndani ya sanduku la mawe au mtungi mkubwa wa udongo, kisha wakaendelea kupika na kulala palepale. Maandishi hawakuacha. Karibu yote tuyajuayo juu yao yametoka chini ya sakafu hizo.

Waliowatambulisha kwa ulimwengu ni ndugu wawili wa Kibelgiji, Louis na Henri Siret, wahandisi wa migodi waliochimba eneo hilo miaka ya 1880 na kutoa kitabu chao mwaka 1887. Sifa ziliwaendea wao. Lakini aliyekuwa shimoni kila siku ni Pedro Flores, msimamizi wa vibarua, na ndiye aliyejaza madaftari kwa michoro na maelezo ya kaburi moja baada ya jingine. Henri alirudi kwao; Louis alibaki Hispania hadi alipofariki mwaka 1934. Madaftari ya Flores yanatumiwa na watafiti hadi leo, na bila hayo mali nyingi iliyofukuliwa ingekuwa mapambo tu ya kabati la makumbusho.

Makaburi hayo hayafanani hata kidogo. Wanaume wenye hadhi walizikwa na jambia, wanawake na msharasi. Wachache walipewa fedha. Wengi hawakupewa kitu.

Mwaka 2014 wanaakiolojia wa Chuo Kikuu Huru cha Barcelona walifikia kaburi la 38 huko La Almoloya, makazi mengine ya watu haohao, mkoani Murcia. Lilikuwa chini ya ukumbi wenye mabenchi kandokando ya kuta, wa kutosha watu hamsini hivi kukaa na kusemezana. Huenda ukumbi huo ulikuwa baraza la watawala. Ndani ya mtungi alilala mwanamume, na juu yake mwanamke wa miaka 25 hadi 30. Walifariki katikati ya karne ya 17 KK, kwa wakati mmoja au kwa kupishana kidogo. Vinasaba vimeonyesha hawakuwa ndugu, ila walizaa binti, naye alizikwa jirani.

Mapambo mengi yalikuwa ya mwanamke: bangili, majasi ya masikio, msharasi wenye mpini uliovikwa fedha, na kichwani taji la fedha lenye kisahani kilichoshuka kwenye paji la uso hadi puani.

Je, alikuwa mtawala au mke wa mtawala? Wapo wanaomwona mwanamume kuwa ndiye mwenye enzi, kwa kuwa fuvu lake lina alama za jeraha lililopona, pengine la vitani. Hoja hiyo haitoshi. Mataji ya namna hii ambayo Flores na akina Siret waliyafukua El Argar nayo yalitoka kwenye makaburi ya wanawake.