Empaako: Jina Lisilobagua Mume wala Mke

Miongoni mwa maswali ambayo wanafunzi wa Kiswahili hupenda kuwauliza walimu wao ni swali la majina ya watu: jina hili lina maana gani, limetoka katika lugha gani, na je, ni la mwanamume au la mwanamke? Swali hilo la tatu huonekana jepesi. Salim ni mwanamume na Salma ni mwanamke. Vivyo hivyo Jamil na Jamila, Rashid na Rashida. Majina yaliyotufikia kutoka Kiarabu yamekuja na alama zake za jinsia, nasi tumezipokea ingawa sarufi yetu wenyewe haina haja nazo, kwani Mswahili asemapo "amekuja" hakuna ajuaye kama aliyekuja ni baba au ni mama. Lakini majina yaliyotokana na maneno ya kila siku, mathalani Bahati, Tabu na Mashaka, hupewa mtoto yeyote, wa kiume au wa kike.

Katika makala haya tumependa kuwaeleza walimu wenzetu habari za jina la namna nyingine, lisilobagua mume wala mke, ambalo hutumika kila siku katika nchi ya Uganda upande wa magharibi, lakini ambalo mgeni huweza kukaa huko mwaka mzima asielewe ni jina la aina gani. Jina hilo huitwa empaako. Wenye nalo ni Wanyoro, Watooro, Watuku, Watagwenda na Wanyabindi. Majirani zao Waganda na Wanyankole hawana desturi hiyo, ijapokuwa lugha zao zinakaribiana sana.

Empaako zote ni 12 tu, wala haziongezwi: Abwooli, Adyeri, Araali, Akiiki, Atwooki, Abooki, Apuuli, Acaali, Bbala, Amooti, Ateenyi na Okaali. Hili la mwisho halipewi mtu wa kawaida, kwani limewekwa kwa ajili ya Omukama, yaani mfalme. Basi yabaki 11 kwa watu wote wengine, wake kwa waume. Mawili matatu kati ya hayo husikika zaidi kwa wanaume, lakini kwa jumla Amooti aweza kuwa bibi kizee na Amooti mwingine akawa mjukuu wake wa kiume, na hakuna atakayeshangaa. Mtoto huwa na jina lake la kuzaliwa, na siku hizi jina la dini pia, kisha juu ya hayo huwa na empaako yake.

Hebu tufanye hesabu kidogo. Katika darasa la wanafunzi 44, kama empaako zingegawanywa sawasawa, kila moja ingechukuliwa na wanafunzi 4. Mwalimu akiita "Adyeri!" wangesimama wanne, wengine wavulana na wengine wasichana. Kwa hiyo ni dhahiri kwamba jina hili halikutungwa ili kumtenga mtu na wenziwe, kazi ambayo sisi walimu, kwa mazoea ya daftari la mahudhurio, hudhani ndiyo kazi pekee ya jina. Kazi yake ni kumwingiza mtu katika jamaa. Jambo hilo likishaeleweka, mengine yote huwa rahisi kuyaelewa.

Tuanze na jinsi linavyotolewa. Sherehe hufanyika nyumbani, na msimamizi wake ni mkubwa wa ukoo. Mashangazi, yaani dada za baba, humpokea mtoto mchanga na kumtazama kwa makini: paji la uso, macho, pua, vidole. Wakiona kwamba amefanana na jamaa fulani, hapo ndipo empaako huchaguliwa kwa kufuata mfano huo, kisha mkubwa wa ukoo humtangazia mtoto jina lake. Baada ya hapo watu hula pamoja ugali wa ulezi na nyama ya ng'ombe iliyokaushwa kwa moshi, mtoto hupewa zawadi, na mti hupandwa kwa heshima yake. Twaona kwamba mashangazi hawatazami kama mtoto ni wa kiume au wa kike, bali wanatafuta sura ya nani imerudi nyumbani. Msichana aweza kuwa amefanana na babu yake akaichukua empaako ya babu bila ya kuibadili hata herufi moja.

Katika maisha ya kila siku, empaako ndiyo roho ya maamkizi. Watu wawili wasiojuana wakikutana, mmoja humwuliza mwenziwe, "Empaako yaawe?" Akishajibiwa, ndipo maamkizi yaanze: "Oraire ota, Akiiki?" Ni kama kusema, "Umelalaje, Akiiki?" Vivyo hivyo katika kushukuru, kubembeleza, kutoa pole na kupatanisha. Mtoto hathubutu kumwita baba yake kwa jina la kuzaliwa, lakini kwa empaako humwita, na huo ndio adabu. Mke humwita mume hivyo, naye mume humwita mke hivyo. Watu walioghadhibikiana, mmoja akimtaja mwenziwe kwa empaako, huwa amekwisha kufungua mlango wa suluhu. Kinyume chake, kumwita mtu mzima kwa jina lake tupu, ilhali empaako yake waijua, ni ukavu wa moyo.

Hapa mwalimu wa Kiswahili hapana budi alinganishe. Kwetu heshima huenda kwa ngazi: mdogo humwambia mkubwa "shikamoo", naye hujibiwa "marahaba", hazibadilishani nafasi. Tena tukitaka kumheshimu tusiyemjua, yatupasa kwanza tumtazame kama ni bwana au ni bibi. Neno pekee la Kiswahili linalokaribia empaako ni "ndugu", hasa kama lilivyotumika Tanzania tangu siku za Azimio la Arusha la mwaka 1967, ambapo waziri, karani, mwanamume na mwanamke wote walikuwa ndugu. Hata hivyo "ndugu" ni neno moja kwa watu wote. Empaako ni yako wewe, uliyopewa siku maalumu, mbele ya watu, kwa sababu ya sura yako.

Sasa tutazame asili yake. Yeyote aliyezoea majina ya Kinyoro na Kitooro atatambua mara moja kwamba empaako si maneno ya lugha hizo. Majina ya kawaida yana viambishi vya Kibantu. Pacha wa kiume huitwa Isingoma na Kato, wa kike huitwa Nyangoma na Nyakato. Kiambishi nya- ndicho kinachoonyesha uke. Majina 12 ya empaako hayana alama kama hizo. Wanahistoria na wazee wa mapokeo wanakubaliana kwamba asili yake ni lugha za jamii ya Waluo, yaani ndugu wa Waacholi na Waaluri wa leo. Ufalme wa Bunyoro-Kitara, baada ya enzi ya Wachwezi ambao masimulizi yasema walitoweka, ulishikwa na nasaba ya Wabito waliotoka kaskazini ya Mto Nile. Mfalme wao wa kwanza anatajwa kuwa Isingoma Mpuga Rukidi. Watawala hao hatimaye waliacha lugha yao wakasema lugha ya raia zao, kama ilivyotokea mara nyingi duniani. Lakini katika mambo ya heshima waliacha alama yao, na empaako ni alama mojawapo. Toro ilipojitenga na Bunyoro mnamo mwaka 1830, chini ya mwana wa mfalme Kaboyo, iliondoka na desturi hiyo.

Tena kuna jambo ambalo sisi twaliona ni la ajabu, wala hatujali kama wengine watalihesabu kuwa dogo. Katika majina ya Waluo, kwa kawaida O- ni ya mwanamume na A- ni ya mwanamke: Okello na Akello, Odongo na Adongo, Opio na Apio. Ukizitazama empaako utakuta kwamba 10 kati ya 12 huanza kwa A-, na huchukuliwa na wanaume na wanawake pia. Ile ya mfalme pekee ndiyo ianzayo kwa O-. Hatusemi kwamba empaako zote zilikuwa majina ya wanawake, kwani katika Kiacholi a- ni pia kiambishi cha nafsi ya kwanza, na wapo wanaolifafanua jina Abwooli kwa njia hiyo, kwamba ni sentensi nzima yenye maana ya "nimekudanganya". Tunachosema ni kwamba maneno hayo yalipovuka mto na kuingia katika lugha ya Kibantu, sarufi iliyotenganisha mume na mke iliachwa ng'ambo. Masikio ya Wanyoro hayakuisikia A- kama alama ya kitu chochote.

Hapa twafika kwenye maana, ambapo wasomaji wetu wengi wangependa tutoe orodha. Orodha zipo. Huelezwa kwamba Araali ni radi, kwamba Ateenyi ni joka la Mto Muziizi, kwamba Apuuli ni mtoto wa mbwa, na wengine huipa kila empaako tabia njema yake: huyu mpole, huyu mkarimu, huyu mlinzi wa nchi. Sisi twaziona orodha hizo kuwa tamu kuliko zilivyo za kuaminika. Orodha moja hupingana na nyingine, na neno ambalo wasemaji wake hawalielewi tena katika lugha yao halikosi watu wa kulitafutia maana mpya. Mwanafunzi atakayeshika kamusi ili ajue maana ya Amooti atakuwa amepotea njia. Maana yake i katika kuitwa.

Ili tuione maana hiyo vizuri, hatuna budi tuyatazame majina mengine ya Wanyoro, yale ya kuzaliwa. Mwanachuoni John Beattie, aliyeishi Bunyoro katika miaka ya 1950, aliandika kwamba sehemu kubwa ya majina hayo yataja kifo, huzuni, umaskini au chuki ya majirani. Mtoto aliyezaliwa baada ya wenziwe kufa hubeba habari hiyo katika jina lake. Aliyezaliwa wakati mama anasemwa vibaya kijijini hubeba masengenyo hayo mpaka uzeeni. Wasomaji wa pwani na wa bara hawatashangaa, kwani hata Tabu, Shida na Mashaka wetu walipata majina yao kwa njia hiyo hiyo. Tofauti ni hii: Mashaka wetu huamkiwa kwa mashaka yake kila asubuhi. Mnyoro ana jina la pili, lisilojua msiba wowote, ambalo jirani humwamkia nalo bila ya kuligusa kovu. Jina la kwanza huhifadhi historia ya nyumba, na la pili humwondolea mtu uzito wa historia hiyo walau kwa muda wa salamu.

Desturi hii imepita katika mitihani mingi. Baada ya Waingereza kumshinda Omukama Kabalega, aliyekamatwa mwaka 1899 na kuhamishiwa visiwa vya Seychelles, Bunyoro iliwekewa machifu kutoka Buganda, na Kiganda kikawa lugha ya kanisa na ya ofisi. Wanyoro waliwakataa machifu hao katika mgomo wa mwaka 1907 uitwao Nyangire. Ubatizo nao ulileta majina ya kizungu, yote ya kiume au ya kike. Mwaka 1967 serikali ya Uganda iliufuta ufalme, ukarudishwa mwaka 1993 kwa cheo cha utamaduni tu. Empaako ilipita kote huko. Lakini mtihani wa karibuni ni mgumu zaidi, kwa sababu hauna adui wa kumkataa: watoto wa mjini hawakijui tena Kinyoro wala Kitooro, sherehe ya mashangazi haifanywi, na baadhi ya madhehebu yamewafundisha waumini kwamba empaako ni ibada ya pepo. Ndiyo maana mwezi Desemba 2013, UNESCO iliiandika empaako katika orodha ya urithi unaohitaji kuhifadhiwa kwa haraka.

Sisi walimu wa Kiswahili hatuwezi kujitoa katika jambo hili. Kiswahili kilitajwa kuwa lugha rasmi ya pili ya Uganda katika mabadiliko ya katiba ya mwaka 2005, na mwaka 2022 Baraza la Mawaziri liliamua kwamba kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na za sekondari. Basi mwalimu aingiapo darasani Hoima au Fort Portal na kufundisha "Hujambo, bwana? Hujambo, bibi?" ajue kwamba anawafundisha watoto waliozaliwa na salamu isiyouliza mume wala mke. Hakuna kanuni yoyote ya Kiswahili inayokataza kusema "Hujambo, Atwooki?" Ni Kiswahili safi. Kwa upande wa sarufi twashauri neno lenyewe lisitafsiriwe kuwa "jina la utani", maana halina utani ndani yake, wala "lakabu", maana lakabu huja kwa matendo ya mtu. Liachwe empaako, liingie katika ngeli ya I-ZI kama lilivyo kwao: empaako yangu, empaako zetu.

Na zoezi la kwanza la majina liwe hili: kila mwanafunzi aandike empaako yake na aeleze kwa Kiswahili ni nani aliyempa na kwa sababu ya kufanana na nani. Asiyeijua yake apewe siku chache aende akamwulize shangazi.