Sudan 2005: Uvumi Ulipowasha Moto



Tarehe 9 Januari 2005, hapa kwetu Nairobi, katika uwanja wa Nyayo, serikali ya Sudan na SPLM walitia sahihi mkataba wa kumaliza vita vilivyoanza mwaka 1983. Watu kama milioni 2 walikuwa wamekufa. Tarehe 9 Julai John Garang akaapishwa Khartoum kuwa Makamu wa Kwanza wa Rais. Siku 21 tu baadaye helikopta ikaanguka, naye akafa.

Hapo uvumi ukatoka: ameuawa! Watu hawakungoja uchunguzi. Watu wa kusini wakawavamia wa kaskazini, nao wakalipiza kisasi. Kwa siku chache tu zaidi ya watu 100 wakapoteza maisha. Uchunguzi ulikuja kusema ilikuwa ajali, lakini waliokufa ndio basi.

Mkataba haukuvunjika. Salva Kiir na Rebecca, mjane wa marehemu, waliwasihi watu watulie.

Suratul Hujurat inatuamrisha tuhakikishe habari kwanza. Kijana mwenzangu, tumbo lako limefunga. Je, ulimi nao?

Wabillahi tawfiq.