Bahari ya Mwisho (Narnia)

Bahari ya Mwisho ni bahari ya kubuni iliyo kwenye ukingo wa mashariki wa ulimwengu wa Narnia. Inapatikana katika riwaya ya C. S. Lewis *The Voyage of the Dawn Treader* (1952). Ulimwengu huo ni bapa, kwa hiyo bahari yake ina mwisho.

Maji yake hayana chumvi. Panya shujaa Reepicheep ndiye anayeligundua hilo, baada ya kujirusha majini kwa hasira akitaka kupigana na watu wa baharini. Nahodha Drinian wa jahazi *Dawn Treader* anateka ndoo moja, nao wanaokunywa hushiba bila chakula, huhitaji usingizi kidogo, na huweza kulitazama jua bila kufumba macho. Mabaharia wazee huanza kurudia ujana. Maji ni maangavu kiasi kwamba msichana Lucy, mmoja wa wasafiri, anaona kivuli cha jahazi kikiteleza juu ya mchanga wa chini, na kwa muda hatambui ni kitu gani.

Mbele zaidi mayungiyungi meupe hufunika uso wa maji hadi upeo wa macho. Mabaharia huiita sehemu hiyo Bahari ya Fedha. Jahazi halisukumwi na upepo bali na mkondo. Kina kinapopungua haliwezi kuendelea, na mashua ndogo inaendelea kuelekea kwenye wimbi lililosimama pale pale kama ukuta. Nyuma yake ni nchi ya simba Aslan.

Filamu ya Michael Apted ya mwaka 2010 inaionyesha bahari hii, ingawa kwa haraka mno.