‘Dirty Blvd.’: Wimbo wa Lou Reed ulioanika umaskini wa New York

NYIMBO za roki zinazozungumzia pengo kati ya matajiri na maskini wa mijini ni nyingi, lakini ni chache zilizotaja bei, mitaa na majengo kwa uwazi kama ‘Dirty Blvd.’ wa mwanamuziki wa Marekani, Lou Reed.

Wimbo huo ulitoka mwaka 1989 katika albamu ‘New York’, yenye nyimbo 14 zinazohusu zaidi jiji hilo. Reed mwenyewe alizaliwa huko, katika eneo la Brooklyn, Machi 2, 1942.

Mhusika wake ni mtoto aitwaye Pedro, anayeishi katika chumba cha hoteli chakavu pamoja na ndugu zake tisa. Baba yake humpiga anapochoka kuomba barabarani. Kodi ya chumba hicho ni dola 2,000 kwa mwezi, na mwenye jengo anacheka.

Kwa msikilizaji wa mbali, kodi hiyo inaweza kuonekana kuwa chumvi ya mtunzi. Hata hivyo, katika miaka ya 1980 serikali ya jiji ilikuwa ikizipanga familia zisizo na makazi katika hoteli za watu binafsi, na kuwalipa wenye hoteli fedha ambazo zingetosha kupanga nyumba nzuri. Iliyojulikana zaidi ni Hoteli Martinique, katikati ya Manhattan, ambayo mwandishi Jonathan Kozol alieleza maisha ya wakazi wake katika kitabu ‘Rachel and Her Children’ cha mwaka 1988.

Upande wa pili wa wimbo ni Lincoln Center, ambako wacheza filamu wanawasili kwa magari marefu ya kifahari kutazama opera, huku mitaa ya akina Pedro ikiwa gizani. Aidha, Reed anaikejeli Sanamu ya Uhuru, ambayo miaka mitatu tu kabla ya hapo ilikuwa imesherehekewa kwa shangwe kubwa kutimiza miaka 100.

Jambo ambalo wimbo hauligusi, na pengine ndilo linaloupa uzito zaidi, ni historia ya Lincoln Center yenyewe. Ujenzi wake ulianza mwaka 1959 baada ya kubomolewa kwa mtaa wa San Juan Hill. Maelfu ya familia, nyingi zikiwa za watu weusi na za watu wenye asili ya Puerto Rico, ziliondolewa.

Kimuziki, wimbo ni mwepesi. Reed anasimulia zaidi kuliko anavyoimba, akisindikizwa na gitaa la Mike Rathke, besi ya Rob Wasserman na ngoma za Fred Maher. Mwishoni inasikika sauti ya Dion DiMucci, mwimbaji mkongwe kutoka Bronx, wakati Pedro, akiwa ameokota kitabu cha mazingaombwe jalalani, anapotamani kuruka aende zake.

Mwaka huo wa 1989 kibao hicho kilishika nafasi ya kwanza kwa wiki nne katika chati ya roki ya kisasa ya jarida la Billboard.

Januari 1997, Reed aliuimba tena pamoja na David Bowie katika ukumbi wa Madison Square Garden, kwenye tamasha la kuadhimisha miaka 50 ya kuzaliwa kwa Bowie. Reed alifariki dunia Oktoba 27, 2013, akiwa na umri wa miaka 71.