Mabakuli ya Pisa, makaburi ya Kunduchi

Kaskazini mwa Kawe, Dar es Salaam, ukishaipita Mbezi Beach, yapo magofu ya Kunduchi: msikiti uliobomoka, mibuyu, na makaburi ya nguzo ya matumbawe na chokaa. Mafundi waliyapamba kwa kupachika mabakuli ya kauri kutoka China. Mengi yameng'olewa, yakabaki mashimo ya duara ndani ya chokaa. Kwa muda mrefu bakuli la namna hiyo lilifanywa ushahidi wa mambo mawili: jengo ni la lini, na nani alilijenga. Swali la kwanza bakuli linaweza kulijibu. La pili haliwezi, na wa kwanza kulitambua hilo walipaswa kuwa Waingereza waliochimba mwambao huu, kwa sababu ya mambo waliyoyajua Italia.

Kwa karne mbili vijana wa Kiingereza wenye mali walikwenda Italia kujifunza kutazama magofu, na mwaka 1901 wasomi wao wakaanzisha chuo chao cha utafiti mjini Roma. Mwanaakiolojia Mortimer Wheeler alikulia katika usomi huo. Mwaka 1945, huko Arikamedu kusini mwa India, alipata vigae vyekundu vya vyombo vilivyofinyangwa Arezzo, Italia, na kwa kuwa umri wa vyombo hivyo ulijulikana, akaupata umri wa mji mzima. Miaka kumi baadaye alifika Dar es Salaam, akastaajabia vigae vya Kichina vilivyotapakaa kutoka hapa hadi Kilwa, akatangaza kwamba historia ya Tanganyika tangu karne ya 10 imo katika kauri hiyo. Kama njia ya kupata tarehe, ilikuwa sahihi kabisa. Tatizo ni hatua iliyofuata. Mwanaakiolojia James Kirkman alipoandika kuhusu magofu ya Gedi, pwani ya Kenya, mwaka 1954 aliuita mji wa Waarabu katika jina lenyewe la kitabu, na Neville Chittick, mchimbuaji wa Kilwa, aliuona ustaarabu wa mwambao kuwa umeanzishwa na wahamiaji kutoka Mashariki ya Kati waliooa hapa.

Sasa tutazame Pisa. Makanisa ya huko ya karne ya 11 hadi ya 13, likiwemo San Piero a Grado, yana mabakuli yaliyopachikwa kwenye kuta za nje, na mengi yalitoka nchi za Kiislamu: Tunisia, Misri, Hispania. Mwingereza C. Drury Fortnum aliyaandikia makala katika miaka ya 1860. Hakuna aliyesema kanisa lilijengwa na Wamisri. Ilieleweka kwamba watu wa Pisa walikuwa na merikebu, wana pesa, na wanapenda kitu kizuri. Ufundi ni uleule wa Kunduchi. Kilichobadilika ni imani ya msomi juu ya mwenye nyumba.

Atakayepinga atasema wenyeji wenyewe ndio waliodai asili ya Shirazi, Uajemi, na tarihi ya Kilwa inalisema hilo waziwazi. Ni hoja nzito. Lakini tarihi za watawala huandikwa ili kuwapa haki ya kutawala, na Warumi nao walidai babu yao ni Aeneas wa Troya bila mchimbuaji yeyote kuuita mji wao koloni la Troya. Wengine watasema bila Waingereza hao tusingekuwa hata na tarehe za kubishania. Kweli, tena ni Mwingereza mwingine, Mark Horton, aliyechimba Shanga kisiwani Pate katika miaka ya 1980 akakuta, chini ya msikiti wa mawe, mashimo ya nguzo za msikiti wa miti wa karne ya 8, na vyungu vingi kuliko vyote vikiwa vya wenyeji. Uraia wa mchimbuaji haukuwa tatizo. Tatizo lilikuwa kuvipa vigae vya ng'ambo uzito wote na kuvipita vyungu vya kupikia.

Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alipopata Rufiji shanga za kioo za enzi ya Warumi, hakuhitimisha kwamba Warumi walihamia Rufiji. Alizisoma pamoja na vyungu vya wakulima na wahunzi waliokuwa wakiishi pale, kama mali iliyonunuliwa na watu wenye kitu cha kutoa.