Corolla: namna mwili wake uliongezeka, na kwa nini mlango wa moja haukubali ku nyingine

"Mama, songeya kidogo, nyuma ni bantu bane." Maneno haya yanasikika kila asubuhi pale taxi zinapojaza abiria toka Katuba, Ruashi ao komini ya Kenya kwenda mjini Lubumbashi. Mara nyingi motokari yenyewe ni Toyota Corolla, ao mmoja wa ndugu zake: Fielder, Spacio, Runx, Axio. Abiria analalamika kwamba nafasi ni ndogo. Shofere anajibu kwamba hii si ya zamani, hii ni kubwa.

Nani ana haki? Jibu liko katika vipimo. Tangu 1966 Corolla imekua karibu kila mara ilipobadilishwa, lakini haikukua sawasawa pande zote, wala haikukua namna moja katika nchi zote. Jambo hilo linamgusa abiria, na linamgusa zaidi mwenye motokari. Kuna watu waliokwisha kununua mlango, parshoki ao kioo cha mbele cha "Corolla", wakafika nacho ku garaje na kukuta hakiingii. Feza imekwenda, na muuzaji hataki kurudisha.

Ilianza ndogo

Corolla ya kwanza ilitoka Japani mwezi wa 11 mwaka 1966, chini ya uongozi wa injinia Tatsuo Hasegawa. Motere yake ilikuwa ya sentimita za ujazo 1,077, kubwa kidogo kuliko ya mshindani wake Nissan Sunny, iliyokuwa na motere ya 1,000. Uzito wake ulikuwa kama kilo 700. Urefu haukufika mita 4, na upana haukufika mita moja na nusu. Mtu mwenye mikono mirefu angeweza kukaa mbele na kufungua mlango wa upande wa pili bila kusogea sana.

Mwaka 1997 jina Corolla lilipita la Volkswagen Beetle kwa wingi wa motokari zilizouzwa duniani. Mwaka 2021 Toyota ilitangaza kwamba zimepita milioni 50. Lakini zile milioni 50 si motokari moja. Ni vizazi 12, na kila kizazi kina mwili wake.

Vipimo, kizazi kwa kizazi

Hivi ni vipimo vya sedani iliyouzwa Japani, kwa sentimita. Namba ya kwanza ni urefu, ya pili ni upana bila vioo vya pembeni. Ya tatu ni umbali toka katikati ya gurudumu la mbele hadi katikati ya gurudumu la nyuma. Matoleo ya kizazi kimoja yanaweza kupishana kidogo.

- 1966 (E10): 384.5 / 148.5 / 228.5
- 1970 (E20): 394.5 / 150.5 / 233.5
- 1974 (E30): 399.5 / 157 / 237
- 1979 (E70): 405 / 161 / 240
- 1983 (E80): 413.5 / 163.5 / 243
- 1987 (E90): 419.5 / 165.5 / 243
- 1991 (E100): 427 / 168.5 / 246.5
- 1995 (E110): 428.5 / 169 / 246.5
- 2000 (E120): 436.5 / 169.5 / 260
- 2006 (E140, Axio): 441 / 169.5 / 260
- 2012 (E160, Axio): 436 / 169.5 / 260
- 2019 (E210): 449.5 / 174.5 / 264

Miaka miwili katika orodha hii inastahili kuangaliwa kwa karibu.

Wa kwanza ni 1983. Mbele ya hapo, Corolla ilisukumwa na magurudumu ya nyuma. Motere ilikaa kwa urefu, na mhimili mrefu wa chuma ulipita chini ya sakafu hadi nyuma. Kwa kizazi cha E80, sedani ilianza kuvutwa na magurudumu ya mbele, na motere ikalazwa kwa upana. Mhimili ule ukaondoka, na ule mgongo wa katikati ya sakafu ukapungua. Anayekaa katikati nyuma akapata pa kuweka miguu.

Wa pili ni 2000. Ukilinganisha na 1995, urefu wote uliongezeka sentimita 8 tu, lakini umbali kati ya magurudumu uliongezeka sentimita 13.5. Maana yake, magurudumu yalisogezwa kwenye pembe za motokari, na nafasi iliyopatikana ikapewa abiria. Paa nalo lilipanda, toka sentimita 138.5 hadi 147. Ndiyo sababu mtu anayetoka ku Corolla ya 1998 na kuingia ku ya 2002 anasikia tofauti palepale kwenye magoti na kichwa.

Mstari wa sentimita 170

Sasa angalia upana peke yake. Toka 1966 hadi 1991, Corolla iliongezeka sentimita 20. Toka 1991 hadi Axio ya mwisho, iliongezeka sentimita moja tu. Miaka zaidi ya 25, sentimita moja.

Si kwamba mafundi walichoka. Japani ina sheria inayogawa motokari kwa ukubwa. Ili ihesabiwe kati ya ndogo, haipaswi kupita urefu wa mita 4.7, upana wa mita 1.7, kimo cha mita 2 na motere ya sentimita za ujazo 2,000. Ukipita kipimo kimoja tu, motokari inahamia kundi la kubwa na kupewa namba ya aina nyingine. Zamani kuhama huko kulileta kodi nzito sana. Mwaka 1989 kodi ilirekebishwa, ikaanza kufuata ukubwa wa motere, lakini mazoea yalibaki. Barabara za mitaa ya Japani ni nyembamba, na pa kuegesha ni padogo. Mnunuzi wa kule alipenda Corolla yake ibaki chini ya mstari.

Basi Toyota ilisogea polepole hadi mlangoni: 168.5, 169, 169.5. Hapo ikasimama. Sedani ya Corolla ilivuka mstari huo nyumbani kwake mwaka 2019 tu, ilipofika 174.5.

Jina moja, miili miwili

Wanunuzi wa Ulaya, Afrika Kusini na nchi za Kiarabu hawakuwa na mstari huo. Walitaka motokari pana zaidi. Kwa hiyo Toyota iliwatengenezea mwili mwingine chini ya jina lile lile. Vipimo vya sedani ya nje ya Japani ni hivi:

- 2007: 454 / 176 / 260
- 2013: 462 / 177.5 / 270
- 2019: 463 / 178 / 270

Chukua Axio ya 2013 toka Japani na Corolla ya 2013 iliyotengenezwa kwa ajili ya nje. Ya pili inapita ya kwanza kwa sentimita 26 za urefu, 8 za upana na 10 kati ya magurudumu. Axio hiyo ilijengwa juu ya msingi wa motokari ndogo za Toyota, ukoo wa Vitz. Ni ndugu kwa jina, lakini karibu kila bati la mwili ni tofauti.

Lubumbashi ni mahali ambapo familia hizi mbili zinakutana. Corolla nyingi za okazioni zinatoka Japani kwa meli hadi bandari ya Dar es Salaam, zinapita Tunduma, zinavuka Zambia na kuingia Kongo ku Kasumbalesa. Hizo zina volani ya kuume, kwa sababu Japani wanatembea upande wa kushoto wa barabara. Nyingine zenye volani ya kushoto zinatoka Ulaya ao nchi za Kiarabu.

Lakini volani peke yake haitoshi kukuambia asili. Afrika Kusini nao wanatembea upande wa kushoto, na kiwanda cha Toyota cha Durban kimetengeneza Corolla za mwili mpana zenye volani ya kuume, pamoja na ile inayoitwa Corolla Quest. Ikiwa mbele yako kuna motokari mbili zenye volani ya kuume, moja inaweza kuwa na upana wa 169.5 na nyingine 176.

Hata mbele ya 2006 sura zilitofautiana. Corolla ya kizazi cha E110 iliyouzwa Ulaya toka 1997 ilikuwa na taa za mbele za mviringo. Ya Japani ilikuwa na taa za kawaida. Upana ni sawa, lakini taa na parshoki havibadilishani. Tena taa za motokari ya volani ya kuume zinatupa mwanga zaidi upande wa kushoto. Ku barabara za Kongo, huko ndiko wanakotoka wanaokuja mbele yako, na mwanga unawapiga machoni.

Nyuma ya taxi

Turudi kwa mama aliyeambiwa asongee. Shofere mwenye Axio ya 2012 anasema motokari yake ni kubwa kuliko Corolla ya 1995. Kwa magoti, ana haki: kuna sentimita 13.5 zaidi kati ya magurudumu. Kwa mabega, hana haki. Upana wa nje uliongezeka nusu sentimita tu. Zaidi ya hapo, milango ya motokari za karibuni ni minene, kwa sababu ndani yake mna vyuma vya kukinga abiria ikigongwa ubavuni. Nusu sentimita ile inaweza kumezwa na mlango wenyewe.

Kiti cha nyuma cha Corolla kilipimwa kwa watu watatu, na mikanda iliyowekwa ni mitatu. Mtu wa nne hana mkanda, hata motokari iwe ya mwaka gani. Na uzito wake unashusha tumbo la motokari karibu na bulongo. Corolla nyingi, zikiwa bila mzigo, ziko kama sentimita 15 hivi toka chini. Umbali mrefu kati ya magurudumu nao una hasara yake: motokari inapopanda tuta ao kuvuka mufereji wakati wa mvua, katikati yake inagusa kwa urahisi zaidi.

Mbele ya kununua motokari ao piesi

Soma kodi yote. Motokari zilizotoka Japani zina kibao kidogo cha chuma, mara nyingi ndani ya chumba cha motere, chenye kodi kama NZE121. "NZ" ni ukoo wa motere, "E" ni ukoo wa Corolla, na "12" ni kizazi. NZE141 ni kizazi cha 2006, NZE161 ni cha 2012. Chukua picha ya kibao chote, pamoja na herufi zinazofuata, na umuonyeshe muuzaji. Linganisha pia namba ya shasi na ile iliyoandikwa ku karte roze.

Usitegemee mwaka tu. Mwaka mmoja unaweza kuwa na miili miwili, kama vile 2013.

Tenganisha piesi za motere na za mwili. Motere ya 1NZ-FE iliwekwa katika NZE121, NZE141 na NZE161, hata katika Vitz na Probox. Piesi nyingi za motere zinaweza kusaidiana. Mlango, kapo, parshoki na kioo cha mbele ni habari nyingine.

Angalia umbo, si jina tu. Fielder na sedani za kizazi kimoja zinatofautiana kwa nyuma: taa, mlango wa mizigo na parshoki si vya kubadilishana.

Pima. Meta ya seremala inatosha. Pima piesi ya zamani, kisha ile unayouziwa, mbele ya kutoa feza. Ikiwa unanunua motokari nzima na lango la parseli lako ni jembamba, kumbuka kwamba upana ulioandikwa hauhesabu vioo vya pembeni. Corolla ya sentimita 178, vioo vikifunguliwa, inapita mita 2.